Zulu 8 Chini ya NetBeans Mpya: Tathmini ya Zana za Java ya Zamani kutoka Lamu

Kwa yeyote ambaye bado anatunza programu ya Java iliyoandikwa miaka kumi na tano au zaidi iliyopita, na ambaye sasa amewekewa mezani kompyuta mpya yenye Windows 11, nina pendekezo moja lililo wazi. Aache kuhangaika kuyarudisha mazingira yote ya zamani kama yalivyokuwa. Badala yake aweke NetBeans mpya ya Apache, yaani programu ya kuandikia na kujengea msimbo wa Java, juu ya Java mpya, kisha mradi wake wa zamani auegemeze kwenye Zulu 8, yaani Java 8 inayotengenezwa na kampuni ya Azul ya Marekani na kutolewa bila malipo. Mpangilio huo ndio ninaoufanyia tathmini hapa. Nimeutumia katika kazi halisi mjini Lamu, kwenye kompyuta za wafanyabiashara ambao hesabu zao haziwezi kusimama, na ninauona kuwa bora kuliko njia nyingine nilizozijaribu, ingawa una mahali unapokwama, nami nitapaeleza wazi.

Programu za namna hii ni nyingi kuliko anavyodhani mtu aliyesomea kompyuta juzi. Katika maduka ya jumla ya Langoni, na katika stoo zinazopakia unga, mafuta, simiti na mabati kwenye mashua ziendazo Faza, Siyu, Kizingitini na Kiunga, utakuta mfumo wa hesabu ulioandikwa na kijana wa mji alipokuwa chuoni, madirisha yake yakiwa ya Swing (maktaba ya Java ya madirisha) yaliyochorwa ndani ya NetBeans, data yake ikiwa katika faili moja ya Access, hifadhidata ya Microsoft, na risiti zake zikiwa zimepangwa kwa chombo cha ripoti kiitwacho iReport. Aliyeuandika alikwisha kuhamia Mombasa au Nairobi kutafuta riziki. Mfumo ulibaki, na unafanya kazi. Kinachokufa si programu bali kompyuta: hewa ya bahari yenye chumvi hula viungio vya bodi, feni husimama, na siku kipakatalishi kipya kinapovushwa kutoka Mokowe ndipo swali la Java linapoanza.

Mwenye duka mmoja nilimshauri tuandike upya kila kitu, naye akanijibu kwa upole, "Maalim, mimi sina haja na kipya. Nataka daftari langu lifunguke asubuhi kabla mashua haijapakia." Ana haki. Mali bila daftari hupotea bila habari, na daftari lake limebeba mambo ambayo hayakuandikwa kwingine kokote: ndani ya msimbo mna kanuni inayowarefushia wateja wa visiwani muda wa kulipa wakati wa kusi, bahari inapochafuka na wavuvi wakashindwa kutoka, na mna bei tofauti kwa mteja anayerudisha magunia. Anayeandika upya bila kuzisoma kanuni hizo mstari kwa mstari atazipoteza. Kwa hiyo kazi ya kwanza ni kuifanya programu ile ile ijengeke na kuendeshwa kwenye mashine mpya, bila kugusa mstari wowote ambao hakuna ulazima wa kuugusa. Marekebisho yaje baadaye, ukiwa tayari na kitu kinachofanya kazi cha kulinganisha nacho.

Mafundi wengi hukimbilia NetBeans 8.2, na sababu yao inaeleweka. NetBeans ilianza mwaka 1996 mjini Prague kama mradi wa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Charles ulioitwa Xelfi. Sun Microsystems ikainunua mwaka 1999 na kuufungua msimbo wake kwa umma mwaka 2000. Oracle ikairithi ilipoichukua Sun mwaka 2010. Na mwaka 2016 Oracle ikaanza kuikabidhi kwa Apache Software Foundation. Toleo la 8.2 la Oktoba 2016 ndilo la mwisho la enzi ya Oracle, na ndilo lililozoeleka vyuoni kwa miaka mingi, kiasi kwamba kuna maelezo ya masomo yanayolitaja hadi leo. Ni toleo lililotulia. Lakini liliandikwa kwa kuitegemea Java 8, na ukiliweka juu ya Java mpya huanza kuvunjika mahali usipopatarajia. Kwa mfano, viongezo vyake vilivyofungashwa kwa mtindo wa pack200 huhitaji chombo cha unpack200 ili vifunguliwe, na chombo hicho kiliondolewa katika Java 14. Ukiliweka juu ya Java 8 pekee litafunguka, ila utabaki na mazingira ambayo hayapati marekebisho tena, kwenye kompyuta ambayo pengine itatumika kwa miaka mingine kumi.

Jambo la msingi ambalo ningependa kila mwanafunzi wa Java alishike ni kwamba NetBeans na kompaila, yaani kigeuzi cha msimbo kuwa programu, ni vitu viwili. NetBeans ni mahali pa kuandikia. Kinachoamua kama msimbo wa zamani utakubaliwa ni kompaila iliyo ndani ya Java unayoielekeza ifanye kazi hiyo. Java 9 iliacha kukubali msimbo uliotangazwa kuwa wa Java 5, Java 12 ikaacha wa Java 6, na Java 20 ikaacha wa Java 7. Java 8 bado inapokea mradi wa Java 5, ikitoa onyo tu. Ndiyo maana naiita Java 8 bawaba ya kazi hii nzima: ni toleo linaloshika zama mbili, kwa kuwa linasoma msimbo wa mwaka 2005 na bado linapata marekebisho ya usalama kutoka kwa watengenezaji kadhaa.

Fungua faili ya nbproject/project.properties ya mradi wowote wa zamani wa NetBeans utaona maneno javac.source=1.5 au 1.6. Ukiujenga mradi huo kwa Java 17 utaambiwa kwamba chaguo la 5 halikubaliki tena na kwamba utumie 7 au zaidi. Wengi huibadilisha namba hiyo wakaendelea, halafu wakagota kwenye ukuta wa pili, kwa kuwa vifurushi kama javax.xml.bind viliondolewa katika Java 11, kisha kwenye ukuta wa tatu, kwa kuwa Java 17 hairuhusu maktaba za zamani kuchokora sehemu zake za ndani. Kila ukuta una dawa yake, lakini kila dawa ni badiliko, na fundi anayebadilisha mambo matano kabla ya kuiona programu ikifunguka hata mara moja hawezi kujua ni lipi kati ya hayo matano lililoharibu hesabu.

Sasa usakinishaji wenyewe. Ukurasa wa Azul una orodha ndefu ya vifurushi na hapo ndipo mgeni anapoweza kupotea, kwa hiyo chagua hivi: toleo la 8, Windows, biti 64, aina ya JDK, yaani kifurushi chenye kompaila ndani yake. Kama programu ina madirisha ya JavaFX, maktaba nyingine ya madirisha, chukua kifurushi cha JDK FX, ambacho kina JavaFX ndani yake. Kwangu hii ndiyo sifa inayoiinua Zulu juu ya Temurin ya Adoptium, Java nyingine ya bure, ambayo ni nzuri vilevile na inaaminika, ila Java 8 yake haina JavaFX. Kuna faili ya kusakinisha yenyewe na kuna faili ya zip. Mimi huchukua zip, nikaifungua na kuliita folda jina fupi, C:\java\zulu8, kwa sababu mbili. Kwanza, hati za amri za zamani za zana kama Ant na Tomcat huvurugwa na nafasi iliyo katikati ya maneno Program Files. Pili, toleo jipya la Zulu 8 likitoka unaweza kubadilisha yaliyomo ndani ya folda bila kugusa njia ya mkato hata moja.

Kipakatalishi kilichonunuliwa dukani aghalabu huja kikiwa na Java nyingine aliyoiweka muuzaji, nayo hukaa mbele ya yako. Kisakinishi cha Oracle huweka folda iitwayo javapath mwanzoni mwa PATH, orodha ya folda ambamo Windows hutafuta amri, hivyo ukiandika java katika dirisha la amri unaita ile, hata kama JAVA_HOME, kigezo kinachotaja folda ya Java, inaelekea kwingine. Andika "where java" na Windows itakuonyesha kila java iliyopo kwa mpangilio inavyoitwa. Kisha andika "java -version" na "javac -version" na uhakikishe namba zinafanana. Ikiwa kompaila ni ya 17 na kiendeshaji ni cha 8, utapata kosa la UnsupportedClassVersionError linalotaja namba kama 61.0 na 52.0. Namba hizo si fumbo: 50 ni Java 6, 51 ni Java 7, 52 ni Java 8, 55 ni Java 11 na 61 ni Java 17. Anayezikumbuka hutambua tatizo kabla hajaguswa na wasiwasi.

Hata hivyo sipendi kuifanya Java 8 kuwa Java ya kompyuta nzima. Njia ninayoiona safi zaidi ni kila programu iite Java yake kwa anwani kamili: njia ya mkato iliyo mezani kwa mwenye duka iandikwe C:\java\zulu8\bin\javaw.exe -jar ikifuatwa na jina la faili ya programu. Kwa namna hiyo mtu akija kesho akaweka Java 21 kwa ajili ya kitu kingine, daftari halitikisiki. NetBeans nayo ina faili yake, etc/netbeans.conf, yenye mstari wa netbeans_jdkhome. Hapo niliandika anwani ya Java 21, kwa kuwa matoleo ya karibuni ya NetBeans hayafunguki tena juu ya Java 8. Kisha ndani ya NetBeans, katika menyu ya zana, kuna orodha ya majukwaa ya Java; ongeza folda ya zulu8 hapo, halafu ingia katika sifa za mradi, kwenye sehemu ya maktaba, uchague jukwaa hilo. Tangu hapo NetBeans mpya inaandika, na Zulu 8 inajenga na kuendesha. Niliufungua mradi ulioandikwa kwa NetBeans 6 na kichoraji cha madirisha kikazisoma faili zake za .form bila kulalamika, kila kitufe kikiwa mahali pake, jambo lililonifurahisha sana, kwani fomu ndiyo kazi iliyomla muda mwingi zaidi yule aliyeuandika.

Kuna kidirisha kitakachojitokeza kikisema mradi una matatizo ya marejeo. Mara nyingi kinachokosekana ni swing-layout-1.0.4.jar au AbsoluteLayout.jar. Ya kwanza ilihitajika na miradi ya Java 5 kwa sababu GroupLayout iliingia rasmi ndani ya Java katika toleo la 6. Usiitoe, itafute katika folda ya lib au dist ya nakala ya zamani ya programu, uinakili ndani ya mradi na kuielekeza upya. Nakala ile ya zamani iliyo kwenye kompyuta inayokufa ni hazina, na inakiliwe nzima kabla ya mtu yeyote kuanza kusafisha diski.

Sehemu ngumu kuliko zote ni Access. Programu nyingi za enzi ile ziliwasiliana na faili ya .mdb kwa kupitia daraja la JDBC-ODBC, kiunganishi cha Java na hifadhidata za Windows, na utaona ndani ya msimbo jina sun.jdbc.odbc.JdbcOdbcDriver. Daraja hilo liliondolewa katika Java 8. Hapa basi hakuna Java 8 yoyote, iwe ya Azul, ya Oracle au ya mwingine, itakayokusaidia, na hili ndilo badiliko la lazima nililolidokeza mapema. Suluhisho ninalolitumia ni UCanAccess, draiva iliyoandikwa kwa Java tupu, isiyohitaji ODBC wala Access yenyewe kuwamo ndani ya kompyuta. Inakuja pamoja na maktaba inazozitegemea, zikiwemo Jackcess inayosoma faili ya Access na HSQLDB inayoendesha maswali ya SQL, na zote lazima ziwekwe katika mradi. Ukisahau moja programu itafunguka kisha ianguke mara tu unapogusa data. Katika msimbo hubadilika mistari miwili: jina la draiva, na anwani, ambayo sasa huanza na jdbc:ucanaccess:// ikifuatwa na njia ya faili.

Ubora wake ni mkubwa, lakini anayeitumia aelewe inavyofanya kazi. UCanAccess huijenga nakala ya jedwali zote ndani ya HSQLDB wakati wa kufungua muunganisho wa kwanza, na kwa kawaida nakala hiyo hukaa katika kumbukumbu. Faili ndogo hufunguka haraka. Faili ya duka iliyojaa mauzo ya miaka kumi itasubirisha mwanzoni na kula kumbukumbu nyingi, kwa hiyo ongeza kikomo cha kumbukumbu kwa -Xmx katika njia ya mkato, na uhakikishe programu inafungua muunganisho mmoja na kuushikilia badala ya kufungua na kufunga kila mtu anapobofya kitufe. Msimbo wa wanafunzi wa wakati ule ulipenda sana kufungua na kufunga. Nilipokuwa nikiuhamisha mfumo wa stoo moja, uvivu wote uliolaumiwa kwa kompyuta mpya ulitoka kwenye jambo hilo, na ulikwisha muunganisho ulipoachwa wazi. Pia linganisha jumla: toa ripoti ya mwezi mmoja kutoka mashine ya zamani, itoe tena kutoka mashine mpya, uweke karatasi mbili pamoja na mwenye duka azisome kwa macho yake. Mimi sikabidhi kazi kabla ya hapo.

Kwa nini basi tusiiendeshe programu iliyokwisha kujengwa kwa Java 21, ilhali Java mpya bado inazisoma faili za .class za zamani? Mara nyingine inawezekana. Lakini kuna mitego ambayo haitoi sauti. Kuanzia Java 18, usimbaji wa kawaida wa maandishi ni UTF-8, ambapo Java 8 kwenye Windows hufuata usimbaji wa Windows yenyewe. Katika orodha ya bidhaa ya duka moja kulikuwa na faili ya maandishi yenye "chai ½ kilo" na "sukari ½ kilo". Alama ile ya nusu iliandikwa kwa usimbaji wa Windows, na ukiisoma kama UTF-8 inageuka kuwa kiulizo ndani ya almasi, na utafutaji wa bidhaa kwa jina unashindwa kuipata. Hakuna kosa linalotangazwa. Muuzaji ataona tu kwamba chai imetoweka. Zulu 8 inaisoma faili hiyo kama ilivyosomwa siku zote, na hiyo ni sababu tosha ya kuiacha iendeshe kile kilichozaliwa wakati wake.

iReport ina habari yake. Chombo hiki cha kupangia risiti na ripoti za JasperReports kilifikia toleo la 5.6.0 na huduma yake ikafungwa mwishoni mwa mwaka 2015; hakifanyi kazi na Java 8. Ukikifungua juu yake picha ya mwanzo hujitokeza, kisha inatoweka bila neno. Dawa ni kuweka Zulu 7 pembeni, C:\java\zulu7, na kuandika anwani hiyo kwenye mstari wa jdkhome katika faili ya etc/ireport.conf. Hapo kinafunguka. Nakitumia tu inapobidi kurekebisha sura ya risiti, kwa mfano namba ya simu ya duka inapobadilika, kwa sababu risiti zilizokwisha kupangwa huchapishwa na programu yenyewe bila kukihitaji. Kuwepo kwa Java 7 iliyo rahisi kupatikana ni faida nyingine ya Azul ambayo sikuiona kwa urahisi kwingine.

Kwa wale wenye mizani iliyounganishwa na kompyuta, kama ilivyo kwa wanunuzi wa samaki, angalia RXTX, maktaba ya Java ya kuzungumza na vifaa vya namna hiyo, na faili yake rxtxSerial.dll. Ikiwa faili hiyo ni ya biti 32, Java ya biti 64 itaikataa, nayo Windows 11 hutolewa ya biti 64 peke yake. Azul inatoa pia Zulu 8 ya biti 32 kwa Windows, na hiyo huendesha mizani bila kubadilisha msimbo. Kwa kazi ya muda mrefu ningehamia maktaba ya jSerialComm.

Skrini ni kero ndogo inayowaudhi wazee. Vipakatalishi vya sasa vina nukta nyingi, na Java ilianza kuheshimu vizuri ukuzaji wa Windows katika toleo la 9. Kwa hiyo chini ya Zulu 8 maandishi ya Swing hutokea madogo kiasi cha kumfanya mtu akunje uso. Bofya kulia faili ya javaw.exe iliyo ndani ya zulu8, ingia katika sifa zake, sehemu ya upatanifu, ukurasa wa mipangilio ya DPI, kisha uiamuru Windows ifanye ukuzaji yenyewe kwa njia iliyoboreshwa. Herufi hufifia kidogo kingo zake, lakini zinasomeka. Kwa kuwa NetBeans yenyewe iko juu ya Java 21, kwake tatizo hili halipo kabisa, na hapa ndipo aliyetoka NetBeans 8.2 atakapohisi tofauti ya machoni tangu dakika ya kwanza.

Kuhusu gharama, zana za Java ninazozipendekeza hapa ni bure, lakini bure ya Zulu na bure ya Oracle hazifanani, na mwenye biashara anapaswa kulijua hili kabla fundi hajamwekea chochote. Kwa Java 8 ya Oracle, sasisho la 8u202 la Januari 2019 ndilo la mwisho chini ya leseni ya zamani. Tangu sasisho la Aprili 2019, matumizi binafsi na uandishi wa programu vilibaki bure, bali matumizi ya kuendeshea biashara yanahitaji usajili wa kulipia, na tangu Januari 2023 usajili huo huhesabiwa kwa idadi ya wafanyakazi wote wa kampuni, si kwa wanaoitumia Java peke yao. Zulu imejengwa kutokana na OpenJDK, msimbo wa Java ulio wazi kwa umma, chini ya leseni huria ya GPL yenye ruhusa maalumu ya maktaba, na duka linaweza kuitumia kwa hesabu zake bila kudaiwa. Corretto ya Amazon na Liberica ya BellSoft ziko katika hali hiyo hiyo, na Liberica pia ina kifurushi kamili chenye JavaFX. Aliyekwisha kuizoea mojawapo hana sababu ya kuhama kwa ajili yangu.

Gharama ya kweli huku kwetu ni bando. Zulu 8 ni takriban megabaiti 100, na NetBeans hukaribia nusu gigabaiti. NetBeans pia inataka kumbukumbu: kwenye mashine ya gigabaiti 4 inajikokota, na kwa mashine ya namna hiyo ningesema weka Zulu 8 ya kuendeshea tu, kazi ya kujenga ifanywe kwenye kompyuta ya fundi. Hili silioni kuwa kasoro kubwa, kwa sababu mwenye duka hana haja ya NetBeans hata kidogo.

Kama mradi unatumia Maven, zana ya kujengea inayopakua maktaba kutoka mtandaoni, usijaribu kuujenga kwa Java 6 hata kama ndiyo iliyoujenga mwanzo. Hazina kuu ya Maven ilikataa miunganisho iliyo chini ya TLS 1.2 (TLS ni kanuni ya kulinda mawasiliano ya intaneti) tangu Juni 2018, na tangu Januari 2020 haipokei tena HTTP isiyo na usalama. Java 8 inatumia TLS 1.2 yenyewe; Java 7 ya awali inaijua lakini mpaka iamriwe kwa -Dhttps.protocols=TLSv1.2. Zulu 7 yangu haigusi intaneti kabisa, nami nawasihi wengine wafanye vivyo hivyo: ni ya iReport, basi.

Zipo hali ambazo mpangilio huu hauzifai. Programu iliyojengwa kama apleti ya kuendeshwa ndani ya kivinjari haitafufuka kwa Zulu, kwa sababu vivinjari vyenyewe vilikwisha kuacha kuzipokea. Iliyotegemea Java Web Start, njia ya kufungua programu kutoka mtandaoni, itahitaji kufunguliwa kama faili ya kawaida ya .jar, au itafutiwe mbadala kama OpenWebStart. Na pale ambapo kuna draiva ya kifaa ambayo mwisho wake ulikuwa Windows XP, ni heri kuiweka XP ndani ya VirtualBox, programu inayoiga kompyuta nzima, bila intaneti, kuliko kupoteza wiki ukiilazimisha Windows 11 ikubali.

Neno la mwisho ni kwa mafundi wenzangu kuhusu mahali pa kuzipata faili hizi. Kuna tovuti nyingi zinazogawa Java na NetBeans za zamani zikiwa zimefungwa pamoja na vitu visivyojulikana, na nimeshakabidhiwa kipakatalishi kutoka duka moja la kompyuta kikiwa na Java ya aina hiyo. Chukua Zulu kwa Azul na NetBeans kwa Apache, ambayo hifadhi yake ya kumbukumbu inatunza matoleo yake ya nyuma tangu 9. Kwenye flashi ninayotembea nayo nimeweka Zulu 7, Zulu 8 za biti 32 na 64, Java 21, NetBeans, na maktaba za UCanAccess, pamoja na faili ya maandishi yenye alama za kuhakiki kwamba faili haijachezewa (SHA-256, na kwa NetBeans SHA-512) kama zilivyotangazwa na watengenezaji. Kabla ya kufungua zip yoyote kwenye mashine ya mteja, andika "certutil -hashfile" ikifuatwa na jina la faili na neno SHA256 (au SHA512 kwa NetBeans), na ulinganishe herufi zote hadi ya mwisho.